Jina la Juma

Jina hili ni fupi. Lina herufi nne na silabi mbili: Ju-ma. Ni jepesi kulitamka na jepesi kuliandika. Hapa Mtumba, kama katika vijiji vingine vya Dodoma, akina Juma ni wengi. Ukisimama kisimani ukaita "Juma!" huenda wakageuka watu watatu: mzee, kijana na mtoto.

Lakini jina fupi laweza kuwa na habari ndefu. Jina la Juma lina siku ndani yake. Pia lina safari ndefu kutoka pwani mpaka huku bara. Na kwa mtu ambaye hana cheti cha kuzaliwa, jina hili laweza kumsaidia kujua umri wake. Tuanze na maana yake.

Maana ya jina

Zamani mtoto wa kiume aliyezaliwa siku ya Ijumaa aliitwa Juma. Mtoto wa kike aliitwa Mwajuma. Neno lenyewe limetoka katika lugha ya Kiarabu, na asili yake ni kukusanyika. Ijumaa ni siku ambayo Waislamu hukusanyika msikitini kwa sala ya adhuhuri. Kwa hiyo siku hiyo iliitwa siku ya mkusanyiko.

Neno hili lina ndugu zake katika Kiswahili, nasi tunawatumia kila siku. Jamaa ni ndugu yake: ni watu waliounganishwa na ukoo au urafiki. Jamii ni ndugu yake. Jumuiya ni ndugu yake. Hata neno ujamaa limetoka katika shina hilo hilo. Watu wa Dodoma hawakulijua neno ujamaa kwa kulisoma tu, walilijua kwa miguu. Mwaka 1971, katika Operesheni Dodoma, maelfu ya watu waliacha makao yao yaliyotawanyika wakahamia katika vijiji vya ujamaa. Mzee Juma aliyehama siku hizo, akiwa na mkeka kichwani na mbuzi mbele yake, alikuwa anakwenda kwenye kijiji chenye jina la ukoo mmoja na jina lake. Wachache walijua hivyo. (Lakini neno jumla si ndugu yao, ingawa sura zinafanana. Shina lake ni jingine.)

Juma pia ni jina la siku saba. Tunasema, "Nitarudi baada ya majuma mawili." Siku hizi watu wengi husema wiki, lakini juma ni neno la zamani zaidi. Na majina ya siku zetu yamejengwa juu ya neno hilo. Jumamosi ni siku ya mosi ya juma, yaani ya kwanza. Jumapili ni ya pili. Jumatatu ni ya tatu, Jumanne ni ya nne, Jumatano ni ya tano. Kwa nini hesabu inaanzia Jumamosi? Kwa sababu Ijumaa ndiyo siku kubwa inayofunga juma. Ikiisha, hesabu inaanza upya.

Hapa pana jambo la kuchekesha kidogo. Baada ya Jumatano inakuja Alhamisi. Jina hilo ni la Kiarabu, na maana yake ni siku ya tano! Waarabu huanza kuhesabu siku ya Jumapili, kwa hiyo kwao Alhamisi ni ya tano. Waswahili walianza kuhesabu Jumamosi, lakini jina la Alhamisi walilipokea kama lilivyo. Ndiyo maana juma letu lina siku za tano mbili, moja kwa Kiswahili na moja kwa Kiarabu, nazo zimekaa jirani bila kugombana.

Kutoka katika siku hizo yamepatikana majina mengine ya watu. Aliyezaliwa Alhamisi huitwa Hamisi. Wapo pia akina Jumanne na akina Jumapili. Na iko miezi ya Kiislamu iliyotoa majina: Rajabu, Shaabani, Ramadhani. Mataifa mengine nayo yana desturi hiyo. Kule Ghana, Waakani humwita mvulana aliyezaliwa Ijumaa Kofi. Kofi Annan, aliyekuwa Katibu Mkuu wa Umoja wa Mataifa kuanzia mwaka 1997 hadi 2006, alikuwa Juma wa kwao.

Siku inaanza lini?

Jambo hili ni dogo, lakini limewachanganya wengi. Kwa hesabu ya zamani ya Waswahili, siku mpya huanza jua linapozama. Usiku hutangulia, mchana hufuata. Kwa hiyo mtu wa pwani akisema "usiku wa Ijumaa", mara nyingi ana maana ya usiku ule unaoingia Alhamisi jioni. Kwa hesabu ya karatasi, siku mpya huanza saa sita ya usiku.

Basi fikiria mtoto aliyezaliwa Alhamisi saa mbili ya usiku. Bibi yake atasema, "Huyu amezaliwa usiku wa Ijumaa, aitwe Juma." Mkunga wa zahanati ataandika tarehe ya Alhamisi. Miaka ishirini baadaye kijana atatazama kalenda na kusema kwamba bibi alikosea, au kwamba mkunga alikosea. Hakuna aliyekosea. Kila mmoja alikuwa na mlango wake wa kuingilia siku.

Safari ya jina mpaka Ugogo

Katika miaka ya 1800 njia kubwa ya misafara ilipita katika nchi hii ya Wagogo. Ilianza Bagamoyo, ikapanda Mpwapwa, ikavuka Ugogo, ikaenda Tabora na Ujiji. Misafara ilibeba nguo, shanga na waya kwenda bara. Iliporudi pwani ilibeba pembe za ndovu, na pia iliwapeleka watumwa. Ugogo ilikuwa nchi ngumu kwa wasafiri. Maji yalikuwa machache, na jua kali kama mnavyolijua. Msafara haukuweza kupita bila kununua maji na chakula kwa wenyeji, na kila mtemi alidai hongo yake. Wakati ule neno hongo halikuwa na maana ya rushwa. Lilikuwa ni ushuru wa njia. Mara nyingi ulilipwa kwa nguo, na msafara uliweza kukaa siku kadhaa kabla ya kupatana.

Katika siku hizo za kungoja watu walizungumza. Walijifunza maneno ya wenzao, na walisikia majina yao. Miongoni mwa wafanyabiashara na wapagazi walikuwamo akina Juma wengi. Mfanyabiashara mkubwa kuliko wote alikuwa Hamed bin Muhammed, aliyejulikana kwa jina la Tippu Tip. Alikufa Unguja mwaka 1905, naye ameacha habari za maisha yake alizoziandika kwa Kiswahili. Babu yake aliitwa Juma, na baba wa huyo babu aliitwa Rajabu. Kwa hiyo ukoo wao ulikuwa na siku na mwezi ndani yake. Mwingine alikuwa Juma bin Salim, ambaye watu walimpa jina la Juma Merikani. Merikani ni kile kitambaa cheupe cha pamba kilichotoka Marekani, ambacho kilitumika kama fedha njiani. Mwingereza mmoja aliyevuka Afrika kwa miguu, Cameron, alimkuta Juma huyo mwaka 1874 katika nchi ambayo leo ni Kongo. Tazama jina hilo lilikofika kabla ya reli na kabla ya gari!

Reli ilikuja baadaye. Wajerumani walianza kuijenga kutoka Dar es Salaam mwaka 1905, nayo ikafika Kigoma mwaka 1914. Ilipita papa hapa Dodoma. Pamoja na reli walikuja mafundi, wenye maduka na watumishi wa serikali kutoka pwani, na Kiswahili kikazidi kuenea. Wamisionari nao walikwisha fika Mpwapwa tangu miaka ya 1870, wakaleta majina ya Petro na Yohana. Nyumba nyingi za Wagogo zikawa na majina ya namna mbili au tatu: la Kigogo alilotoa babu, la dini, na la Kiswahili.

Jina la Juma halikubaki kwa Waislamu peke yao. Magharibi ya Kenya ziko familia nyingi za Kikristo zenye jina hilo, tena kama jina la ukoo. Na nyanda zetu za kati zimemtoa Juma aliyejulikana duniani. Juma Ikangaa alizaliwa Itigi, kwenye reli ya kati, mwaka 1957. Mwaka 1989 alishinda mbio za marathoni za New York, mbio za kilomita 42, kwa muda wa saa 2, dakika 8 na sekunde 1. Hakuna aliyekuwa amekimbia upesi hivyo katika mbio za mji huo.

Majina yanayotunza habari

Kwa nini jina hili la wageni lilipokewa bila shida? Kwa sababu kumpa mtoto jina la wakati aliozaliwa halikuwa jambo geni. Watu wa bara walifanya hivyo tangu zamani. Aliyezaliwa wakati wa mvua aliitwa Masika. Aliyezaliwa wakati wa mambo magumu aliitwa Tabu, Shida au Mashaka.

Mfano mzuri ni wa Mwalimu Julius Nyerere. Mwalimu alizaliwa Butiama mwaka 1922, siku ya mvua kubwa. Akaitwa Kambarage, na hilo ni jina la pepo wa mvua kwa Wazanaki. Baba yake, Mtemi Burito, alizaliwa karibu mwaka 1860, wakati viwavi walipovamia nchi. Akaitwa Nyerere, maana yake kiwavi. Hivyo kila Mtanzania alipolitaja jina la Rais wake wa kwanza, alitaja pigo la viwavi la miaka mia iliyopita. Wengi hawakujua hilo.

Majina ya namna hiyo ni kumbukumbu ya watu wasioandika. Hapa Ugogo, njaa kubwa nazo zilipewa majina, na wazee walihesabu umri kwa majina hayo. Iliyo kubwa kuliko zote katika kumbukumbu zao ni Mtunya, ya mwaka 1917 mpaka 1920. Ilikuwa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Mvua ilikosekana, na majeshi yalikuwa yamechukua chakula, ng'ombe na wanaume wa kubeba mizigo. Watu wengi mno walikufa. Mwaka njaa hiyo ilipoanza alizaliwa Mathias Mnyampala, Mgogo aliyekuja kuwa mshairi mkubwa wa Kiswahili. Mwaka 1954 kilitoka kitabu chake cha historia, mila na desturi za Wagogo.

Sasa angalia tofauti. Mtu akisema, "Nilizaliwa wakati wa Mtunya," ametutajia mwaka, au karibu na mwaka. Siku hatuijui. Lakini mtu akisema, "Mimi ni Juma," ametutajia siku, na mwaka hatuujui. Ijumaa inakuja mara 52 kila mwaka, na mara nyingine 53. Jina la Juma peke yake ni nusu ya habari.

Tena, si kila Juma alizaliwa Ijumaa. Wengi walirithi jina la babu au la mjomba. Kwa hiyo swali la kwanza la kumwuliza mama au shangazi ni hili: "Nilipewa jina la siku au jina la mtu?" Jibu hilo lisingoje. Wanaojua ni wazee, nao hawatakaa nasi siku zote.

Kuutafuta mwaka

Tuchukue mfano. Juma hana cheti. Mama yake anasema, "Nilikuzaa Ijumaa mchana, siku ya sherehe za Uhuru. Tulisikia ngoma." Mama hajui mwaka, lakini ametoa habari kubwa kuliko anavyofikiri.

Sherehe za Uhuru ni tarehe 9 Desemba. Uhuru wenyewe, mwaka 1961, ulikuwa siku ya Jumamosi. Baada ya hapo, tarehe 9 Desemba iliangukia Ijumaa mwaka 1966. Haikuangukia Ijumaa tena mpaka mwaka 1977, halafu mwaka 1983. Basi kwa Juma huyu, ambaye si kijana tena, miaka ya kuchagua ni mitatu tu.

Sasa mama aulizwe: "Mlikuwa mmekwisha hamia katika kijiji cha ujamaa?" Akisema walikuwa bado kule walikokaa zamani, basi ni mwaka 1966, kwa sababu Operesheni Dodoma ilikuwa mwaka 1971. Akisema walikuwa wamekwisha hamia, aulizwe tena: "Vita vya Kagera vilikuwa vimekwisha?" Vita hivyo vilikuwa mwaka 1978 na 1979. Kama vilikuwa bado, ni mwaka 1977. Kama vilikuwa vimekwisha, ni mwaka 1983.

Tofauti hiyo si mchezo. Sera ya Taifa ya Wazee ya mwaka 2003 inasema mzee ni mtu mwenye miaka 60 na zaidi, na ndiyo inayozungumzia wazee wasio na uwezo kutibiwa bila malipo. Juma wa mwaka 1966 anatimiza miaka 60 tarehe 9 Desemba 2026. Juma wa mwaka 1977 hatimizi mpaka mwaka 2037. Mtu aliyejikisia mwaka ili mambo yaishe upesi huenda amejinyima miaka kumi na moja. Au amejiongezea miaka isiyo yake, na siku moja atatakiwa kuieleza.

Jina kwenye karatasi

Sheria ya kuandikisha vizazi na vifo ilitungwa mwaka 1920, wakati wa Waingereza. Vijijini haikufika upesi. Ndiyo maana wazee wetu wengi hawana cheti. Siku hizi kazi hiyo iko chini ya RITA, wakala wa serikali ulioanza mwaka 2006. Mwaka 2013 ulianzishwa mkoani Mbeya mpango wa kuwapa vyeti watoto wa chini ya miaka mitano bila malipo, katika zahanati na katika ofisi za kata, kisha ukapelekwa katika mikoa mingine. Mzazi mwenye mtoto mdogo asingoje mpaka mtoto atakiwe cheti shuleni.

Liko jambo jingine ambalo aliyejua kusoma anaweza kulizuia. Jina la Juma ni fupi, lakini huandikwa kwa namna nyingi. Mmoja ataandika Juma. Mwingine ataandika Jumaa. Wa tatu ataandika Ijumaa. Hamisi naye huandikwa Hamis au Khamis. Zamani mwenye jina alisema kwa mdomo, karani akaandika alivyosikia, na mwenye jina akaweka dole gumba. Hakuweza kujua kilichoandikwa. Matokeo yake ni kwamba mtu mmoja anaweza kuwa Juma kwenye kadi ya kupigia kura, Jumaa kwenye kitambulisho cha taifa, na Ijumaa kwenye karatasi ya shamba. Kijijini hakuna tatizo, maana wote wanamjua. Mezani mwa ofisi hao ni watu watatu.

Hapa Mtumba jambo hili lina uzito wake. Mwaka 1973 iliamuliwa kwamba Dodoma iwe makao makuu ya nchi. Tarehe 13 Aprili 2019 Rais Magufuli alizindua Mji wa Serikali hapa Mtumba. Mahali ambapo mji unakua, mashamba hupimwa viwanja, na habari za fidia hufuata. Fidia inalipwa kwa jina lililoandikwa. Hata mahali ambapo shamba bado ni shamba, Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 inampa mwanakijiji nafasi ya kupata hati ya hakimiliki ya kimila, na hati hiyo inabeba jina. Mume na mke wanaweza kuandikwa pamoja. Baba akifa, watoto wa Juma wataulizwa: Jumaa huyu ni nani?

Kwa hiyo, ndugu msomaji, kabla ya kutia sahihi tafuta jina lako kwenye karatasi. Lisome silabi kwa silabi. Ju-ma. Kama pana herufi iliyozidi, sema hapo hapo, wakati kalamu bado iko mkononi mwa karani. Usione haya. Kusahihisha siku ile ni kazi ya dakika moja. Kusahihisha baadaye ni nauli, foleni na malipo. Kama majina yamekwisha tofautiana, mtu huenda kwa wakili au mahakamani kuapa, na kupata hati ya kiapo inayoeleza kwamba Juma na Jumaa ni mtu mmoja. Ofisi nyingi huitaka hati hiyo.

Na nyumbani, chukua daftari. Andika jina la kila mtoto, siku aliyozaliwa, tarehe, mwezi na mwaka. Andika pia nani alimpa jina hilo na kwa sababu gani. Kama alizaliwa usiku, andika saa.

Maswali ya kuzungumza darasani

1. Katika darasa letu, ni nani wenye majina ya siku, ya mwezi au ya msimu? Walipewa kwa sababu ya kuzaliwa wakati huo, au walirithi?

2. Ni njaa gani, mvua gani au matukio gani ya kijiji chetu ambayo wazee huyatumia kuhesabu umri? Yaandikeni ubaoni pamoja na miaka yake.

3. Mtoto alizaliwa Alhamisi saa tatu ya usiku. Bibi amemwita Juma. Utaandika tarehe ya siku gani kwenye daftari?

4. Leteni karatasi mbili zenye majina yenu. Je, yameandikwa sawasawa, herufi kwa herufi?